Sauti ya Mama Mdogo Katika Sinema Bubu

Mpaka leo nikiona unga uliolowa umeganda usoni kwa mtu, hata akiwa mtoto anayecheza tu jikoni, mate yananijaa mdomoni, yale yanayotangulia kutapika. Mke wangu ameshazoea. Akitaka kukanda chapati hunitoa mwenyewe: "Nenda nje, usije ukanichafulia sakafu." Majirani wanadhani nina ugonjwa wa tumbo. Sina. Nilifanya kazi Tunduma kwa muda usiofika miaka miwili, kazi ya kuwawekea maneno Wazungu wasiosikika, na kinyaa hiki nilitoka nacho huko.

Nilikuwa dijei wa banda la video. Dijei wa aina hiyo hapigi muziki. Anakaa pembeni ya televisheni na maiki, sinema ikianza anaieleza kwa Kiswahili, anageuza sauti, huyu anakuwa jambazi, yule anakuwa mama wa bibi harusi. Watu walidhani natafsiri. Kichina sikukijua, Kihindi sikukijua, na Kiingereza changu kilikuwa cha kidato cha nne. Nilikuwa natunga.

Banda lenyewe lilikuwa la mabati, jirani na barabara ambako malori husubiri kuvuka kwenda Zambia. Mchana walijaa humo madereva waliokwama kwenye foleni, matandiboi wao, wapagazi na vijana wa sokoni. Walivua viatu. Maganda ya karanga yalijaa chini mpaka ukitembea yanalia, na nyuma ya bati, pale pale usawa wa mgongo wangu, ndipo walipokwenda kukojoa wale waliokuwa wavivu wa kufika chooni. Nikiwa natunga maneno ya mapenzi kwenye maiki nilisikia mkojo ukigonga bati.

Siku moja mwenye banda alikuja na flashi aliyopewa na dereva mmoja. Ndani yake mlikuwa na sinema za Marekani za zamani mno, zaidi ya miaka mia, fupi fupi, hakuna hata moja iliyofika nusu saa. Picha nyeusi na nyeupe. Watu wanatembea haraka haraka kama kuku aliyemwagiwa maji. Midomo inacheza lakini hakuna kinachosikika, kisha linakuja bango la maandishi, kisha wanaendelea. Na zote zilikuwa za mambo ya nyumbani. Mume anajitia kubandika karatasi za maua ukutani, ngazi inateleza, ndoo ya gundi inamfunika mama mkwe. Beseni la kuogea linafurika ghorofani, dari inawaporomokea wageni wakiwa mezani. Jiko linalipuka, mke anatoka moshini na nywele zimesimama. Mtu anakalia keki, anainuka, anageuka kuwaonyesha watu makalio yake.

Mwenye banda alicheka mpaka akakaa chini. Mimi sikucheka hata kidogo. Nililelewa kijijini Ihanda na mama mdogo, baada ya mama yangu kufariki nikiwa sijaanza shule, na katika nyumba ile tonge likidondoka liliokotwa, likapulizwa vumbi, likaliwa. Hapa niliona watu wazima wakipakana unga usoni, wakirushiana mayai, wakikanyaga mikate. Gundi ile ilikuwa ya unga, nzito, nyeupe, ikitiririka kutoka puani na mdomoni mwa mtu kama matapishi ya mtoto wa maziwa. Na kamera inamsogelea kabisa, amepakwa rangi nyeusi midomoni, anaipangusa ile gundi kwa kidole na kulamba.

"Hizi watu hawataziangalia," nilimwambia mwenye banda. "Hazina hata maneno."

"Ndiyo maana nimekuletea wewe," akasema. "Weka maneno."

Siku tatu za mwanzo niliaibika. Niliwapa wale Wazungu sauti za watu wa Dar, maneno ya mjini, matusi mepesi. Watu walipiga miayo. Mpagazi mmoja alinirushia ganda la karanga akasema, "Dijei, kama umechoka lala." Siku ya nne nilikuwa kwenye ile ya karatasi za ukutani. Mke wa sinemani amesimama mlangoni, mikono kiunoni, anamtazama mumewe aliyenaswa na gundi, midomo yake ikaanza kucheza. Sikujipanga. Kilichotoka kinywani mwangu kilikuwa sauti ya mama mdogo.

"Nilisema, sikusema? Nilisema! Ngazi hii ina mguu mmoja mfupi, nikasema. Sasa wewe masikio yako umemwazima nani?"

Banda zima liliangua kicheko.

Mama mdogo alijifunza Kiswahili akiwa mtu mzima, kwa kusoma matangazo kanisani. Lugha yake ya kulala na kuamka ilikuwa Kinyiha, na Kiswahili chake kilitembea juu ya Kinyiha hicho, maneno yakipanda mwishoni kama mtu anayepandisha kilima na mzigo. Alikipenda Kiswahili chake. Alikisema kwa kukitafuna, hakuruka silabi. Mumewe, baba mdogo, alikuwa mkulima wa kahawa, mtu wa maneno machache, na alikuwa na imani moja iliyoitesa nyumba yetu miaka yote: kwamba fundi ni mtu tu kama yeye. Kila kitu alikifanya kwa mikono yake na kila kitu kilianguka. Yule mume wa sinemani hakuhitaji hata sauti. Nilimpa ukimya wa baba mdogo na guno lake, na ikatosha.

Kuanzia hapo banda lilijaa. Dereva mmoja wa Zambia aliinuka kwenye benchi, akaunganisha viganja kama anayeomba baraka, akasema kwa adabu ya kwao, "Mukwai, dijei, rudisha tena!" Nikarudisha. Niliwapa rafu aliyoigongomea baba mdogo, iliyoporomoka na vyungu vyote. Niliwapa mlango alioufunga juu chini. Nikiishiwa nilitafuta tena kumbukumbuni, na kila nilichokitoa nyumbani kule nilikuta kimeshaingia kwenye mdomo wa yule mwanamke wa Marekani. Hatimaye nikafika kwenye choo.

Hapa inabidi nieleze lililotokea kweli. Nilikuwa na miaka ishirini na moja, nimemaliza shule, nipo Ihanda sina la kufanya. Baba mdogo alikuwa amechimba shimo jipya la choo nyuma ya jiko, akapanga miti juu yake, akakandika udongo. Mama mdogo alimwambia miti ile mchwa wanaipenda. Baba mdogo akaguna. Masika ya pili, Jumapili asubuhi, mama mdogo akiwa ameshavaa joho la kwaya, aliingia chooni na sakafu ikaachia.

Hakuzama mwili mzima. Viwiko vilinasa kwenye miti miwili iliyobaki, ukabaki mwili kuanzia kwapani kwenda chini umo ndani. Alimwita mumewe mara moja tu, kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mtu anayeomba aletewe maji. Baba mdogo alikuja mbio akiwa amenyoa shavu moja. Akalala kifudifudi ukingoni, akampitishia kamba ya ng'ombe chini ya makwapa, akanirushia ncha. "Shika huku. Vuta nikisema."

Niliishika. Kisha ile harufu ikapanda na kunipiga, nikaona funza wanapanda kwenye mkono wa joho, weupe, wengi, hawana haraka. Niliiachia kamba. Nilikimbilia nyuma ya jiko, nikatapika kidogo, na baada ya hapo nikacheka. Sijui kwa nini. Nilijiziba mdomo kwa shati na kucheka mpaka mbavu zikauma. Baba mdogo alimwita jirani, wakamtoa wawili.

Akina mama waliofika walisimama mbali, khanga puani. Aliyemwogesha ni mumewe. Alitundika kitenge kwenye kamba ya nguo, akachota maji ndoo baada ya ndoo, akamsugua nywele, akamtoa uchafu kwenye kucha moja moja kwa kijiti. Tulimsikia akisogea pembeni, akitapika, akisukutua, akirudi. Mama mdogo alipotoka nyuma ya kile kitenge aliwatazama wote waliokuwa uani. "Naomba lisitoke hapa," alisema. Na halikutoka, kwa maana kwamba kila mtu Ihanda alijua lakini hakuna aliyethubutu kulitamka akiwepo. Alikaa bila kwenda kwaya mpaka mahindi yalipotoa mbelewele.

Hilo ndilo nililoliweka kwenye maiki.

Kulikuwa na sinema ambayo mwanamume anatumbukia kwenye pipa la gundi mpaka kifuani. Mke anakuja, anaziba pua. Nikawageuza. Nilisema aliyetumbukia ni mke, lakini kwa aibu amevaa suruali ya mumewe ili majirani wasimtambue, na lile pipa ni choo. Sauti ya mama mdogo ikatoka pipani: "Miti hii mchwa wanaipenda, nilisema, sikusema?" Nikaweka na funza. Nikaweka na joho la kwaya, ingawa mtu yule wa kwenye picha hakuwa na joho. Nikaimba wimbo wa kanisani kwa sauti ya mtu aliyezama kwapani.

Sikuwahi kuona watu wakicheka vile. Tandiboi mmoja alicheka mpaka kamasi zikamtoka, akazifuta kwenye mgongo wa mwenzake wa mbele, na mwenzake hakugundua kwa kuwa naye alikuwa ameinama analia. Mwingine karanga zilimtoka mdomoni zikiwa zimetafunwa, akaziokota mapajani akazirudisha. Niliwaangalia kutoka pembeni, mwanga wa televisheni ukiwapiga kwenye fizi, nikaanza kuwachukia. Lakini kesho yake waliposema, "Dijei, tuwekee ya choo," niliwawekea. Kwa miezi kadhaa niliwawekea, na kila nikimaliza nilitoka nje kutema mate, nikidhani kinachonichefua ni wao.

Kuna mtu alinirekodi kwa simu. Kipande kile kilitembea. Kilifika Mlowo, kikafika Vwawa, kikaingia kwenye simu za wanakwaya wa Ihanda, na pale hakuna aliyehitaji kuelezwa ile ni sauti ya nani.

Alikuja mwenyewe. Ilikuwa alasiri, banda limejaa, mlango umefungwa ili mwanga usiingie. Mimi sikumwona akiingia. Waliomba ya choo, nikawapa yote, pamoja na wimbo. Ilipoisha mwenye banda akafungua mlango, watu wakatoka wakisukumana, na kwenye benchi la mwisho alibaki mwanamke mmoja amejitanda kitenge kichwani, mkoba juu ya magoti, miguuni viatu vyake vya kanisani. Maganda ya karanga yalikuwa yamemgandia kwenye sketi.

"Shikamoo, mama," nilisema.

Hakuitikia. Katika maisha yangu yote salamu yangu haikuwahi kubaki hewani mbele yake.

"Endelea," akasema.

"Imeisha, mama."

"Inaishia pale?"

"Ndiyo."

"Yule mwanamume wa kwenye pipa. Nani alimwogesha?"

"Hawaonyeshi."

"Hawaonyeshi." Aliyaondoa maganda kwenye sketi, moja moja, akayaweka kwenye benchi badala ya kuyatupa chini. "Na wewe hukuona? Maana ulikuwepo."

Nilianza kukunja waya wa maiki.

"Ulikuwa nyuma ya jiko," alisema. "Nilikusikia. Niko mle ndani, kile kitu kimenifika hapa, nakusikia unacheka. Nikasema moyoni, kijana huyu ameogopa, na mtu akiogopa sana anaweza kucheka. Sikumwambia baba yako. Miaka yote hii nimekupakulia chakula, sijasema."

Mwenye banda alikuja na soda mkononi, ameipangusa kwa shati lake. "Karibu mama, karibu sana. Mwanao ni hatari, anatujazia banda."

"Wewe ndiye uliyemtuma?"

"Hapana mama, mimi nilileta picha tu. Maneno ni yake. Ana kipaji huyu."

"Kipaji," alisema mama mdogo, na akatema mate chini. Mwanamke yule sikuwahi kumwona akitema mate, hata shambani. Kisha akanitazama, na pua yake ikakunjamana kidogo, kichwa kikarudi nyuma. Niliujua uso ule. Huwezi kuuzuia, mwili unaukunja wenyewe mbele ya kitu kilichooza. Hakuwa na hasira. Alikuwa ananionea kinyaa.

Nilimsindikiza stendi, yeye mbele, mimi hatua tano nyuma. Gari la kuelekea Mlowo lilikuwa linapakia. Akamuuliza kondakta, "Ihanda nitashukia wapi ili nisizungushwe?" Aliuliza hivyo tu. Tandiboi mmoja aliyekuwa ameegemea nguzo akaruka. "Haa! Sauti hiyo! Mama, sema tena! Sema, nilisema, sikusema!" Wenzake wawili wakaitikia kwa pamoja, na mmoja akaanza ule wimbo wa kanisani kama nilivyouimba mimi, akiwa ameinua viwiko.

Watu wa gari zima waligeuka. Mama mdogo alipanda ngazi, akakaa dirishani, akashika mkoba wake kwa mikono miwili. Yule tandiboi akaniona nimesimama pale. "Dijei! Dijei mwenyewe huyu hapa!" Akanipigia makofi.

Na mimi nilitabasamu. Sikukusudia, ilikuwa mazoea ya mtu aliyepigiwa makofi kila alasiri. Nilipoinua macho kuelekea dirishani nilikuta ameniona. Gari likaondoka.

Siku ile ile nilimwambia mwenye banda siifanyi tena kazi ile, na nikamwomba afute kila rekodi yangu aliyokuwa nayo. Si mtu mbaya. Alifuta mbele ya macho yangu. Wiki iliyofuata nilipita banda lingine upande wa soko nikasikia sauti ya mama mdogo kupitia bati, na haikuwa hata rekodi yangu, ni dijei mwingine aliyeniiga. Alikuwa ameongeza nzi. Nilisimama nje pale, nikasikia kicheko kile kile, nikainama kando ya mtaro nikatapika kweli. Tangu hapo ndipo unga ukanishinda.

Nilichukua muda kabla ya kwenda Ihanda, niwe mkweli. Nilikwenda msimu wa kuchuma kahawa. Baba mdogo alikuwa kwenye meza ya kuanikia, anaondoa punje mbovu, amezeeka shingo. Nilisimama mbele yake nikasema yote, pamoja na kamba, pamoja na kicheko cha nyuma ya jiko. Hakuacha kuchambua. Nilipomaliza akasema, "Miti ile niliikata mimi. Aliniambia, sikusikia. Hilo ni langu, na nimelibeba. La kwako sijui utalibebaje." Halafu akahamia upande wa pili wa meza.

Mama mdogo alinipikia. Alinisogezea maji ya kunawa, akaniwekea ugali na maharage, akaniongezea pale sahani ilipopungua. Nilimwomba msamaha kwa Kiswahili. Alinijibu kwa Kinyiha kwamba nile, chakula kinapoa. Nikajaribu tena. Akajibu tena kwa Kinyiha, kitu kingine kabisa, kuhusu mvua. Nilipotaka kuondoka ndipo nilipoelewa kwamba tangu niingie hakuwa amenitamkia neno hata moja la Kiswahili. Binti wa jirani aliniambia baadaye kwamba hata matangazo ya kanisani ameacha kuyasoma. Alisema macho yamechoka, wakampa mtu mwingine.

Sasa ni miaka mingi imepita. Natengeneza pikipiki Mlowo na huenda kuwaona kila nipatapo nafasi. Choo chao kina sakafu ya saruji, imejengwa na fundi. Mama mdogo ananipokea, ananipakulia, ananifungia ndizi za kuwapelekea watoto. Anapozungumza nami ni Kinyiha. Kuna nyakati najiambia ni mazoea tu, mzee anarudi kwenye lugha yake.

Mwezi uliopita nilifika bila taarifa. Niliiacha pikipiki barabarani kwa sababu ya tope, nikaja kwa miguu nyuma ya migomba. Walikuwa na wageni kutoka Msangano, watu wa kanisani, na kabla sijatokeza nilimsikia mama mdogo akiwaeleza habari ya mbuzi aliyekula pazia. Alikuwa anasema Kiswahili chake chote, anakitafuna, maneno yanapanda, wageni wanacheka na yeye anacheka nao. Nilisimama nikasikiliza kwa muda mrefu kuliko ilivyofaa. Kisha nikapiga hodi nikatokeza uani.

Alikata sentensi katikati. Akainuka, akashika kiuno, akaenda kuchochea moto. Wageni wakageuka kuona ni nani aliyekuja.